Tone la Maji ya Bwawa

Chota maji kidogo bwawani, pale penye majani yaliyooza, uyatie katika chupa nyeupe, uiinue kwenye mwanga. Waona nini? Maji tu, na taka kidogo. Sasa tia tone moja juu ya kipande cha kioo, ukiweke chini ya hadubini, uchungulie.

Kumbe, tone lile ni kama mji siku ya gulio! Huyu mwenye umbo la wayo wa kiatu jina lake ni paramesia. Mwili wake umejaa vinyweleo, navyo hupiga maji kama makasia, naye huenda mbio huku akijizungusha. Wakipangwa 100 kwa mstari, urefu wao wapata inchi moja tu. Na yule ni amiba, hana kichwa wala miguu. Atakapo kwenda, husukuma mbele sehemu ya mwili wake, na sehemu iliyobaki hufuata, mfano wa uji uliomwagika mezani. Akikuta chakula hukizunguka pande zote, hata kikawa ndani yake. Usichoke upesi kutazama. Mimi mara ya kwanza nilisahau chakula changu cha mchana.

Antoni van Leeuwenhoek, mwuza nguo wa Delft katika Uholanzi, alitazama maji ya ziwa mwaka 1674 kwa kioo alichokisaga mwenyewe, akawaona viumbe wadogo wa namna hii. Wataalamu wa London walishuku habari zake, hata Robert Hooke alipowaonyesha viumbe kama hao mwaka 1677.

Mwanafunzi mmoja aliniuliza, “Mwalimu, mbona twaoga humo kila siku wala hatuoni kitu?” Hapo ndipo penye hatari. Penye konokono wa majini huenda yumo mdudu wa kichocho, mwenye mkia wa panda, urefu wake kadiri ya nusu milimita. Hutoka katika konokono, hasa mchana wa jua, akatoboa ngozi ya mtu aogaye, na mkia akauacha nje. Daktari Leiper alilithibitisha jambo hili katika Misri mwaka 1915. Basi chota kwa kopo lenye mpini mrefu, usiingie majini.

Mdudu huyo akikosa mtu hufa. Maji yakiwekwa mtungini siku mbili kamili, pasipo konokono ndani, waweza kuyaoga bila kuogopa kichocho. Lakini ya kunywa yachemshe, maana wamo na wengine.