Samaki wa Viungo na Mchuzi wa Maembe: Chakula cha Mwenye Tansio



Dereva mmoja wa lori kubwa la mgodi alikuja kwenye dispansere kupimwa. Tansio yake ilikuwa 18 kwa 11. Nikamwuliza: "Bwana, unakunywa vidonge vyako?" Akajibu: "Ndiyo, muganga, siku kichwa kinaponiuma." Nikamwuliza tena juu ya chakula. Akasema: "Makayabo. Bibi akipunguza chumvi, mimi sili."

Mtu huyu anaendesha mashine yenye kubeba tani nyingi za mawe. Mshipa wa kichwa ukipasuka yeye akiwa kwenye usukani, hataumia peke yake. Na tansio haipigi kelele: wengi walio nayo hawasikii maumivu yoyote mpaka siku ya hatari.

Ulimi unataka nini?

Shirika la Afya Duniani (OMS) linashauri mtu mzima asifikishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani karibu kijiko kimoja kidogo cha chai. Hapo tunahesabu chumvi yote: ya sufuria, ya mkate, ya makayabo, na ya zile kube za kutia mchuzi ladha.

Lakini angalieni bukari. Tunaupika bila chumvi na hakuna anayenung'unika, kwa sababu mboga ndiyo inayoleta ladha. Basi ulimi hautafuti chumvi peke yake. Mpe ndimu yenye kuchachuka, pilipili yenye kuwasha na embe lenye utamu, naye mwenye tansio atakula vizuri.

Vitu vya kutayarisha (watu 6)

- Samaki wabichi wa tilapia, kilo 1 na nusu
- Maembe 2 yaliyoiva
- Tomati 3 na vitunguu 2
- Punje 3 za kitunguu saumu, na tangawizi ya ukubwa wa kidole gumba
- Pilipili 1, kijiko kidogo 1 cha kari, ndimu 2
- Vijiko vikubwa 3 vya mafuta
- Chumvi: nusu ya kijiko kidogo kwa sufuria yote. Kube: hapana.

Sokoni, chagua samaki mwenye macho maangavu na mashavu mekundu ndani. Ukimbonyeza kwa kidole, nyama irudi mahali pake. Akiwa na harufu mbaya, mwache: viungo havimponyi samaki aliyeoza.

Namna ya kupika

1. Parua magamba, toa matumbo, osha, kata vipande. Paka maji ya ndimu, kitunguu saumu kilichotwangwa, nusu ya tangawizi na nusu ya kari. Funika, weka mahali pa baridi nusu saa, si zaidi.

2. Pangusa vipande vikauke. Maji yakiingia katika mafuta ya moto yanaruka na kuunguza. Weka mbabula mahali ambapo watoto hawapiti, na penye hewa, kwa maana moshi wa makala una gesi yenye kuua ndani ya nyumba iliyofungwa.

3. Geuza samaki katika mafuta dakika chache kila upande, kisha mtoe.

4. Katika mafuta yaliyobaki kaanga vitunguu, tia tomati, pilipili, tangawizi na kari iliyosalia, chumvi, na nusu ya glasi ya maji. Acha vichemke dakika 10.

5. Tia maembe yaliyokatwa vipande vidogo, rudisha samaki, funika, moto mdogo, dakika 10. Ameiva wakati nyama iliyo karibu na mfupa ni nyeupe na inaachana kwa uma.

Msimu wa maembe ukiisha, tumia nanasi. Kula pamoja na bukari na lengalenga.

Maangalisho

Mwenye ugonjwa wa sukari atie embe kidogo tu na apunguze bukari. Mwenye ugonjwa wa figo aulize kwanza kwenye dispansere. Anayetamani makayabo ayaloweke usiku kucha na kubadilisha maji mara nyingi. Hata hivyo chumvi haitoki yote.

Tena, chakula hiki si dawa. Vidonge vinakunywewa kila siku, hata siku ambayo kichwa hakiumi.

Yule dereva nilimwomba arudi pamoja na bibi yake, nikamweleza mama upishi huu. Baada ya majuma kadhaa ya vidonge kila siku na chumvi kidogo, tansio ilikuwa 14 kwa 9. Haijafika pale tunapotaka, lakini imeshuka. Mama akacheka: "Muganga, sasa ni yeye anayeniuliza maembe yako wapi."

Na wewe, msomaji, tansio yako ni ngapi? Kama hujui, pita kwenye dispansere kabla ya kuanza kazi. Kuipima ni dakika chache tu.