KIMETA: UGONJWA UNAOKAA ARDHINI

Kimeta ni ugonjwa wa ng'ombe, mbuzi, kondoo na wanyama wa porini, nao humpata binadamu pia. Robert Koch wa Ujerumani alithibitisha kijidudu chake mwaka 1876. Mnyama hufa ghafula, na mara nyingi damu nyeusi isiyoganda humtoka puani.

Mzoga usipopasuliwa, vijidudu vingi hufa humo humo unapooza. Ukipasuliwa, hupata hewa na kujivika ganda gumu. Katika ganda hilo huweza kukaa udongoni miaka mingi, vikingoja mnyama aje kula majani.

Ugumu huo ndio uliowavuta watu wa vita. Mwaka 1942 Waingereza walijaribu mabomu ya kimeta katika kisiwa cha Gruinard, Scotland. Kondoo waliofungwa hapo walikufa baada ya siku chache. Mwaka 1986 udongo ulinyunyiziwa fomalini iliyochanganywa na maji ya bahari, na mwaka 1990 ndipo kisiwa kilipotangazwa kuwa salama. Miaka 48!

Basi, msomaji, mnyama akifa ghafula usimchune wala usile nyama yake, ingawa hasara inauma. Mwite bwana mifugo. Mzoga uchomwe au uzikwe katika shimo refu, na walio hai wachanjwe. Mtu akiota kidonda cheusi kisichouma, aende hospitali mapema, kwani dawa ipo.

Kumzika ng'ombe na ngozi yake ni hasara ya mwaka mmoja. Kuharibu malisho ni hasara ya wajukuu.

Mwanafunzi, Kidato cha IV