Mjane wa Luka 18 Mbele ya Kamera: Somo Kutoka kwa Dieudo Hamadi

Kwetu Tunduma, Kongo tunaifahamu kwa malori. Foleni inasogea kuelekea Nakonde, magari yanakatiza Zambia hadi Lubumbashi na Kolwezi, mengine yanarudi na shaba. Mizigo ya Kongo tunaijua kuliko watu wake. Kwa hiyo katika somo hili la mawasiliano ya kijamii tumemchagua Mkongo, Dieudo Hamadi, mtengenezaji wa filamu za makala.

Alizaliwa Kisangani mwaka 1984. Alianza kusomea udaktari, kisha akageukia filamu. Mojawapo ya kazi zake za mwanzo, Dames en attente, aliyoiongoza pamoja na mwenzake, inaonyesha kina mama wa Kinshasa waliokwisha kujifungua lakini hawaruhusiwi kutoka hospitalini kwa kuwa hawajalipa gharama. Baadaye alitengeneza Examen d'État (2014), juu ya wanafunzi wa Kisangani wanaojiandaa kwa mtihani wa taifa, na Maman Colonelle (2017), juu ya mwanamke afisa wa polisi anayewalinda wanawake na watoto.

Filamu inayotuhusu zaidi ni En route pour le milliard ya mwaka 2020, filamu ya kwanza ya Kongo kuteuliwa rasmi na tamasha la Cannes. Mwezi Juni 2000 majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana kwa siku sita ndani ya Kisangani, katikati ya makazi ya watu. Mamia ya raia waliuawa, wengi zaidi wakabaki vilema. Hamadi hasimulii vita hivyo. Anaanza karibu miaka ishirini baadaye, wakati majeruhi, wengi wao hawana mguu au mkono, wamechoka kungoja fidia. Wanapanda boti ya mizigo kuteremka Mto Kongo, kilomita zipatazo 1,700, kwenda kudai haki yao Kinshasa. Wanalala chini ya maturubai, mvua inawapiga, wanagombana, wanataniana. Wakifika Bungeni, walinzi wanawazuia.

Msomaji wa Luka 18:1-8 atamtambua hapo mjane na kadhi dhalimu. Lakini kadhi wa Luka alichoka kusumbuliwa akatoa haki. Hawa filamu inaisha hawajalipwa. Tarehe 9 Februari 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita. Tusiseme filamu ndiyo iliyoleta hukumu, maana kesi ilifunguliwa mwaka 1999. Tena, fedha kuifikia serikali ni jambo moja, na kumfikia aliyekatwa mguu ni jingine.

Basi filamu imefanya nini? Imewaacha wahusika waseme wenyewe. Hakuna msimulizi wa kutueleza tuwahurumie vipi. Hamadi anashika kamera mwenyewe na kusafiri nao boti moja. Baba Mtakatifu Fransisko, katika ujumbe wake wa Siku ya Upashanaji Habari Duniani mwaka 2021, uliojengwa juu ya Yohane 1:46, aliwataka wanahabari wafanye hivyo hivyo: waende waliko watu, wakaone.

Hapa niseme wazi. Picha nyingi za maskini tunazopiga sisi watu wa Kanisa ni za kuwaonyesha wafadhili. Mtoto anasimamishwa na nguo zake chafu, anapigwa picha, hata jina lake haliulizwi. Nia ni njema, lakini yule mtoto amegeuzwa kielelezo cha ombi letu.

Zoezi kwa mafrateri watakaokwenda uchungaji Tunduma: mchague mtu mmoja, mpakuaji mizigo au mama anayewauzia chakula madereva kwenye foleni. Mtembeleeni mara tatu bila kutoa simu. Mara ya nne mwombeni ruhusa ya kumrekodi, mkimweleza nani ataiona video hiyo. Akikataa, mwacheni. Akikubali, yeye awe wa kwanza kuiona. Darasani mlete maelezo ya mambo aliyotaka yafutwe, na sababu alizotoa.