Chuo cha Ualimu Kikifutiwa Usajili: Rufaa Hukatwa Wapi?

Barua ya kufuta usajili hupelekwa kwa mkuu wa chuo, lakini uzito wake huangukia nyumba za Mutomo, Mwingi, Kibwezi na Mbooni. Mzazi aliyeuza mbuzi na magunia ya pojo ili alipe karo ya Diploma ya Ualimu wa Shule za Msingi huwa na maswali mawili tu: je, mtoto atafanya mtihani? Na pesa zitarudi? Majibu hutegemea sana hatua zinazochukuliwa mapema, na wengi huanza kwa kubisha mlango usiofaa.

Mlango huo ni ofisi ya gavana. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezipa kaunti elimu ya chekechea na vyuo vya ufundi vya vijijini. Vyuo vya ualimu vimebaki kwa Serikali ya Kitaifa. Hata Bodi ya Elimu ya Kaunti, licha ya jina lake, si idara ya gavana. Imeundwa na Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013. Kwa hivyo afisa wa elimu wa kaunti, awe Kitui au Wote, anaweza kuwaandikia wanafunzi barua ya kuwaombea, lakini hawezi kurudisha usajili.

Kazi ya kwanza ni kusoma barua yenyewe: imetiwa sahihi na nani, na kwa sheria ipi? Chuo kilichosajiliwa chini ya Sheria ya Elimu ya Msingi hakifuati njia moja na kilichosajiliwa na mamlaka ya TVET chini ya sheria yake ya 2013. Uamuzi wa Bodi ya Elimu ya Kaunti hukatiwa rufaa mbele ya Jopo la Rufaa za Elimu, lililoundwa na kifungu cha 93 cha Sheria ya Elimu ya Msingi. Aliye chini ya TVET ataitafuta njia yake katika sheria hiyo nyingine.

Kisha kuna swali la haki katika utaratibu. Kifungu cha 47 cha Katiba, pamoja na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015, vinataka anayeathiriwa apewe notisi, asikizwe, na aelezwe sababu kwa maandishi. Mwanafunzi naye ni mwathiriwa, hivyo anaweza kuziomba sababu hizo mwenyewe. Ofisi ina miezi mitatu kujibu. Ikinyamaza, uamuzi huchukuliwa kuwa haukuwa na sababu nzuri, hadi ithibitishwe vinginevyo.

Chuo kilichofungwa bila kusikizwa kina hoja nzito. Hata hivyo, hoja ya utaratibu haijengi madarasa wala kuleta wakufunzi wenye sifa. Mara nyingi ushindi wa namna hiyo huurudisha uamuzi ofisini ufanywe upya, na chuo ambacho hakijarekebisha kasoro zake kinaweza kufungwa tena kwa utaratibu ulio sawa.

Wenye haraka hukimbilia Mahakama Kuu iliyoko Kitui au Makueni. Kifungu cha 9 cha sheria hiyo ya 2015 kinataka rufaa za ndani zimalizwe kwanza, na kesi hufutwa kwa kukiuka hilo pekee. Mahakama inaweza kumruhusu mtu aruke hatua hiyo kukiwa na sababu za kipekee, nazo lazima aziombe na kuzieleza. Jambo jingine: kukata rufaa hakufungui chuo. Amri ya kusimamisha uamuzi kwa muda huombwa kando, na mtihani ulio karibu ni sababu ya kuiomba mapema.

Wahitimu wa uhandisi waliwahi kupita njia ndefu inayofanana na hii. Bodi ya kusajili wahandisi ilikataa kuwasajili ikidai kozi zao hazikuwa zimetambuliwa. Walianzia Mahakama Kuu, na mwaka wa 2018 Mahakama ya Juu ikaamua kwa upande wao katika kesi ya Martin Wanderi na wenzake. Chuo hakikuwabebea kesi hiyo, waliifungua wenyewe.

Karo nayo ina njia yake. Dai lisilozidi shilingi 1,000,000 linaweza kupelekwa katika Mahakama ya Madai Madogo, na pale ambapo haijafunguliwa, kwa hakimu. Wakili si lazima.

Dai kama hilo husimama kwa karatasi: barua ya kujiunga, risiti za karo na ujumbe wa malipo ya M-Pesa. Mwanafunzi aliyekwisha kuandikishwa kwa mtihani aulize Baraza la Mitihani, KNEC, kama jina lake bado limo na kama anaweza kuhamishiwa kituo kingine. Swali hilo liulizwe kwa maandishi, na nakala iliyopigwa muhuri wa kupokelewa ibaki nyumbani.