Kipimo cha Fremu ya Baiskeli na Mguu wa Mpandaji

Mtu anunuapo viatu huvijaribu mguuni kabla ya kulipa. Anunuapo baiskeli, ambayo bei yake ni kubwa zaidi na ambayo huenda akaitumia kwa miaka mingi, mara nyingi hutazama rangi, uimara wa keria na jina la kiwanda, kisha huiondoa dukani bila ya kujua kama inalingana na mwili wake. Kosa hilo halionekani siku ile. Huonekana baadaye, katika goti linalouma kila jioni, au katika gunia linalomwangusha mpandaji anapotaka kusimama njiani. Makala haya yanaeleza jinsi mtu mzima awezavyo kuchagua fremu inayomfaa kwa kutumia futi kamba, kitabu kigumu na hesabu za shule ya sekondari.

Gurudumu lililofuata mguu

Katika miaka ya 1870 baiskeli iliyojulikana sana Ulaya ilikuwa na gurudumu kubwa mno mbele na dogo nyuma. Pedeli zilifungwa moja kwa moja kwenye ekseli ya gurudumu la mbele, hivyo mzunguko mmoja wa miguu ulikuwa mzunguko mmoja wa gurudumu. Aliyetaka mwendo wa kasi alihitaji gurudumu kubwa, lakini hakuweza kuuvuka mpaka uliowekwa na urefu wa mguu wake mwenyewe.

Mwaka 1885 John Kemp Starley wa mji wa Coventry, Uingereza, alitoa baiskeli iliyoitwa Rover. Katika baiskeli hiyo mnyororo ndio uliolizungusha gurudumu la nyuma. Kwa kuwa mwendo sasa uliweza kuongezwa kwa meno ya giabari, gurudumu halikulazimika tena kufuata mguu. Watu warefu na wafupi waliweza kutumia magurudumu ya ukubwa mmoja, na kazi ya kumfaa mpandaji ikahamia kwenye fremu.

Hapo ndipo penye chanzo cha kosa la wanunuzi wengi. Baiskeli za aina ya Phoenix kutoka China, au Hero na Avon kutoka India, zilizoenea sana Afrika Mashariki, hutajwa kwa namba 28. Namba hiyo ni kipimo cha gurudumu kwa inchi. Haisemi lolote juu ya fremu. Baiskeli mbili za namba 28 zaweza kuwa na fremu zinazotofautiana kwa inchi kadhaa.

Kupima fremu

Fremu ya kawaida ina bomba la kiti, ambalo hupanda kutoka kwenye ekseli ya pedeli hadi chini ya kiti, na bomba la juu, ambalo hulala kati ya kiti na usukani. Kipimo cha fremu ni urefu wa bomba la kiti, kuanzia katikati ya ekseli ya pedeli hadi ncha ya juu ya bomba hilo. Urefu wa nguzo ya kiti inayochomoza juu yake hauhesabiwi. Inchi 1 ni sawa na sentimita 2.54, kwa hiyo fremu ya inchi 20 ni sentimita 50.8, ya inchi 22 ni sentimita 55.9, na ya inchi 24 ni sentimita 61.0.

Kupima mguu

Kimo cha mtu hakitoshi kuwa kipimo. Watu wawili wenye kimo cha sentimita 172 waweza kuwa na miguu inayotofautiana kwa sentimita kadhaa, kwa sababu mmoja ana kiwiliwili kirefu na mwingine ana miguu mirefu. Kinachotakiwa ni urefu wa ndani wa mguu, kutoka msamba hadi unyayo.

Mpimwaji avue viatu na kusimama wima, mgongo ukigusa ukuta, nyayo zikiachana kwa sentimita 15 hivi. Aweke kitabu kigumu katikati ya mapaja, uti wa kitabu ukiwa juu na ukingo wake mmoja ukibanwa ukutani ili kisiiname. Akipandishe mpaka kiguse msamba kwa nguvu kiasi, kama kiti kinavyogusa. Mwenzake atie alama ukutani penye uti wa kitabu, kisha apime kutoka alama hiyo hadi sakafuni. Kipimo kirudiwe mara tatu, na wastani wake ndio utumike.

Sharti la kwanza: kusimama

Mpandaji anaposimama akiwa ametanua miguu juu ya baiskeli, nyayo zote mbili zikiwa chini, pawe na nafasi ya angalau sentimita 3 kati ya msamba na bomba la juu. Kwa mwenye kubeba mizigo, sentimita 5 ni salama zaidi.

Kimo cha bomba la juu chaweza kukadiriwa kwa hesabu. Tuchukue baiskeli ya gurudumu la 28 ambayo ekseli ya pedeli iko sentimita 30 juu ya ardhi, na ambayo bomba la kiti limelala kwa pembe ya digrii 68. Kwa kuwa sin 68° ni 0.927, kimo cha bomba la juu ni 30 + (0.927 × urefu wa bomba la kiti). Matokeo ni haya:

Fremu ya inchi 20: sentimita 77.1
Fremu ya inchi 22: sentimita 81.8
Fremu ya inchi 24: sentimita 86.5

Mtu mwenye mguu wa sentimita 81 atapata nafasi ya karibu sentimita 4 juu ya fremu ya inchi 20. Juu ya fremu ya inchi 22 atakosa nafasi kabisa. Mwenzake mwenye kimo kilekile, lakini mwenye mguu wa sentimita 87, ataimudu fremu ya inchi 22 kwa nafasi ya sentimita 5.2.

Umuhimu wa nafasi hiyo unaonekana wazi pale penye mzigo. Asiyefika chini kwa nyayo zote mbili hulazimika kuilaza baiskeli upande mmoja kila anaposimama. Tuseme amebeba gunia la kilo 50, na kitovu cha uzito wake kiko sentimita 90 juu ya ardhi. Uzito wa gunia ni karibu nyutoni 490. Baiskeli ikiinama digrii 10, kitovu hicho husogea kando sentimita 15.6, na momenti ya kuiangusha baiskeli ni karibu nyutoni-mita 77. Ikiinama digrii 20, momenti hufikia nyutoni-mita 151, yaani karibu maradufu. Ili kuizuia kwa mikono kwenye usukani ulio kimo cha mita 1, mpandaji atahitaji kani ya kando ya karibu nyutoni 150, huku akiwa amesimama kwa mguu mmoja kando ya barabara yenye magari. Sentimita chache za bomba, basi, ni jambo la usalama.

Sharti la pili: kuketi

Mwaka 1967 watafiti wawili, Hamley na Thomas, walichapisha nchini Uingereza matokeo ya majaribio yao juu ya kimo cha kiti. Waliona kwamba mpandaji hufanya kazi kali kwa ufanisi zaidi pale ambapo umbali kutoka pedeli iliyo chini kabisa hadi juu ya kiti ni asilimia 109 ya urefu wa ndani wa mguu.

Kwa mguu wa sentimita 81, umbali huo ni 1.09 × 81, yaani sentimita 88.3. Mkono wa pedeli ukiwa na urefu wa sentimita 17, umbali kutoka ekseli ya pedeli hadi juu ya kiti ni sentimita 71.3. Ukitoa urefu wa fremu ya inchi 20, zinabaki sentimita 20.5 za kujazwa na nguzo ya kiti pamoja na kiti chenyewe. Kabla ya kununua, yafaa kuhakikisha kwamba nguzo inatosha kufika hapo huku sehemu yake ya sentimita 6 hadi 7, au zaidi ikiwa alama ya kikomo inadai hivyo, ikibaki ndani ya bomba. Nguzo iliyovutwa kupita kiasi huweza kupinda au kuvunjika.

Pedeli ikiwa chini kabisa, goti libaki limekunjika kidogo, kati ya digrii 25 na 35 kutoka mguu ulionyooka. Kiti kikiwa chini mno, goti hukunjika sana pedeli inapofika juu; mfupa wa pia ya goti hukandamizwa dhidi ya mfupa wa paja, na maumivu huja upande wa mbele. Kiti kikiwa juu mno, nyonga huyumba huku na huku na mpandaji hutafuta pedeli kwa ncha za vidole. Maumivu huja nyuma ya goti. Mwendo wa saa moja kwa mizunguko 60 kila dakika hukunja kila goti mara 3,600. Kosa dogo lililorudiwa mara 3,600 si dogo tena.

Jambo moja likumbukwe: kiti huweza kupandishwa na kushushwa kwa spana, lakini fremu haibadiliki. Kwa hiyo sharti la kusimama litimizwe kwanza, dukani. La kuketi hukamilishwa baadaye.

Mwenye mguu mfupi

Kwa mtu mwenye mguu wa sentimita 74, hata fremu ya inchi 20 tuliyoikadiria ni ndefu. Huyo achague fremu ambayo bomba lake la juu limeshushwa, iitwayo kwa kawaida baiskeli ya kike. Wanaume wengine huiepuka kwa kuona haya. Lakini kani ya mvutano wa dunia haimtambui mwanamume wala mwanamke. Humwangusha yeyote asiyefika chini.

Zoezi la darasani

1. Wanafunzi wapimane kimo na urefu wa ndani wa mguu, kisha wachore grafu ya vipimo hivyo viwili. Je, wenye kimo sawa wana miguu sawa?

2. Wapime baiskeli tatu zilizopo shuleni au kwa fundi wa jirani: kimo cha ekseli ya pedeli, urefu wa bomba la kiti na kimo cha bomba la juu. Walinganishe kipimo hicho cha mwisho na kile kinachopatikana kwa hesabu, na kueleza tofauti itakayoonekana.

3. Kila mwanafunzi akadirie fremu inayomfaa mzazi au mlezi wake anayepanda baiskeli, kisha ampelekee nyumbani kimo sahihi cha kiti. Kama kiti kimekaa pasipofaa, kukirekebisha huhitaji spana moja na dakika chache.