Dondoo muhimu: Siku mbili Katwe-Kabatoro

Nenda kiangazi. Mvua ikizidi, majaruba ya Ziwa Katwe hujaa maji na uvunaji wa chumvi hudorora, nawe utakuwa umesafiri kutazama matope.

Ukitoka Bwera, pita Kikorongo kisha ushike njia ya Katwe. Tafuta mwongozaji wa hapo mjini badala ya kujitembeza: majaruba yana wenyewe, na kingo zake huteleza. Fika asubuhi, kabla jua halijawa kali. Wanaochimba chumvi ya mawe husimama ndani ya maji makali yanayochoma hata mkwaruzo mdogo, basi omba ruhusa kabla ya kuwapiga picha, na ukinunua chumvi usibishanie bei kupita kiasi. Harufu ya yai viza ni ya ziwa lenyewe, utaizoea.

Ziwa Munyanyange liko jirani. Heroe huja kwa msimu, kwa hiyo uliza kwanza.

Mchana panda boti Mweya, kwenye Mlango wa Kazinga unaounganisha Ziwa George na Ziwa Edward. Safari ya alasiri ndiyo bora, maana joto huwaleta tembo na nyati majini. Weka nafasi mapema. Kiingilio cha Hifadhi ya Queen Elizabeth ni gharama nyingine. Tayarisha pesa kwenye simu au kadi.

Usiku usitembee kwa miguu kando ya Ziwa Edward, hata kama wenyeji wanapita. Viboko hupanda nchi kavu kula majani.