Fidia si Sadaka



Tumwazie mama mmoja wa Makunduchi, mkulima wa mwani. Alfajiri apanda gari la abiria kwenda mjini. Karibu na Kitogani gari lapinduka, naye avunjika paja. Atibiwa Mnazi Mmoja, arudi kwao akichechemea. Hatimaye hakimu ampa fidia, lakini fedha ile yaishia kwenye dawa na nauli. Na kuinama majini kufunga mwani kambani hawezi tena. Jirani wamwambia, “Shukuru u hai, bibi wee, usitake makubwa.” Je, akikata rufani atakuwa mroho?

La, hasha. Fidia si sadaka. Kusudi lake ni kumrudisha aliyeumizwa, kadiri fedha iwezavyo, katika hali aliyokuwa nayo kabla ya ajali. Adaiye kilichopungua hamnyang’anyi mtu. Lakini yatupasa kufahamu rufani ni kitu gani, maana wengi huiendea na machozi matupu, wakashindwa.

Kwanza, mahakama ya rufani haiongezi fidia kwa sababu tu yenyewe ingalitoa zaidi. Kanuni hii ilielezwa London mwaka 1951 na majaji wa Baraza la Mfalme, katika shauri la mtu aliyegongwa na tramu huko Kanada. Mwaka 1961 Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki iliifuata katika shauri lililotoka Tanganyika. Mkata rufani hana budi kuonyesha moja katika mawili: ama hakimu alikosea kanuni, kama kusahau jambo la maana, ama kiasi alichotoa ni kidogo mno, hata chaonyesha kwamba makisio yote yalikwenda kombo.

Pili, hasara ni za namna mbili. Ziko zihesabikazo: dawa, nauli, mapato yaliyokwisha kupotea. Hukumu ya Mahakama ya Rufani ya Tanzania ya mwaka 1992 yasema wazi kwamba hizi sharti zitajwe katika hati ya madai na kuthibitishwa. Ziko zisizo na risiti, yaani maumivu na ulemavu; hizi hukadiriwa na hakimu kwa ushahidi alioletewa.

Hapo ndipo wengi hukwama. Mahakama ya rufani husoma yaliyoandikwa katika shauri la kwanza, na ni nadra kupokea ushahidi mpya. Wazee walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa hiyo rufani huanza siku ile ile ya ajali. Mama yetu aitunze fomu ya polisi iitwayo PF3, na risiti zote, hata ya bandeji, na hesabu ya mwani aliouza. Amwombe daktari aandike si mfupa uliovunjika tu, bali na kazi asiyoiweza tena. Wala asitie dole gumba kwenye karatasi ya bima isemayo “nimeridhika, sina dai tena,” kabla ya kusomewa na mtu amwaminiye.

Tatu, siku hazimngoji mtu. Kutoka Mahakama Kuu ya Zanzibar, taarifa ya kukata rufani kwenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania hutolewa katika siku 30, na rufani yenyewe hufunguliwa katika siku 60 baada ya taarifa hiyo. Mahakama za chini zina muda wake. Heri kumwuliza karani siku ile ile ya hukumu.

Nasi tusifiche: rufani ni upanga ukatao kuwili. Mshindani naye aweza kuomba fidia ipunguzwe, na ashindwaye aweza kuamriwa kulipa gharama. Kwa hiyo mtu na apime kwanza pamoja na mwanasheria.

Nanyi jirani, msimnyamazishe mgonjwa kwa neno la “shukuru u hai.” Kushukuru atashukuru, lakini watoto wake hawali shukrani. Msaidieni kutunza karatasi zake.

Jiulizeni nyumbani: Je, leo mmoja wetu akiumia njiani, ni nani ajuaye zilipo karatasi zake? Na ni nani atakayezihesabu siku?